Deni la Kadi ya Mkopo Likifika Mahakamani: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Mkoani Kigoma

Kadi inayozungumziwa hapa ni kadi ya mkopo, siyo ile ya kutolea pesa zako mwenyewe kwenye ATM. Kadi ya mkopo hulipa kwa pesa ya benki, nawe unazirudisha baadaye. Mkoani Kigoma wanaozitumia si wengi: baadhi ya watumishi, wafanyakazi wa mashirika, na wafanyabiashara wanaoagiza mzigo mtandaoni. Deni lake likishindikana hufuata sheria zilezile za madai zinazotumika nchi nzima, na hizo ndizo tunazozieleza.

Nilitumia milioni mbili tu. Mbona naambiwa nadaiwa zaidi ya tatu?

Kwa sababu riba ya kadi huingizwa kwenye deni kila mwezi, na mwezi unaofuata riba inatozwa juu ya riba. Chukua mfano wa riba ya 3% kwa mwezi na faini ya shilingi 20,000 kila mwezi usiolipa (viwango vyako halisi vimo kwenye mkataba uliosaini). Deni la 2,000,000 likiachwa miezi 12 linafika karibu 2,850,000 kwa riba peke yake. Ongeza faini, ambazo nazo zinatozwa riba, jumla inakaribia 3,135,000. Hapo hujanunua hata kiberiti cha ziada.

Kulipa kiwango cha chini nako hakusaidii sana. Kama kiwango hicho ni 5%, mwezi wa kwanza utalipa 100,000, lakini 60,000 ni riba. Deni lenyewe limepungua 40,000. Anayetoa pesa taslimu kwa kadi hii anaumia zaidi, maana hutozwa ada ya kutolea, na riba kwa kawaida huanza siku hiyohiyo bila kusubiri ankara ya mwezi.

Kwa hiyo usibishane kwa simu kuhusu jumla. Omba kwa maandishi taarifa ya akaunti ya kadi kuanzia mwezi wa kwanza, ikionyesha mambo matatu mbalimbali: ulichotumia, riba, na ada pamoja na faini. Makosa ya hesabu mengi hukaa kwenye fungu la tatu.

Benki husubiri muda gani kabla ya kushtaki?

Hakuna siku iliyowekwa na sheria. Kwa kawaida kwanza huja ujumbe na simu, kadi inafungwa, kisha deni likipita siku 90 bila kulipwa linahesabiwa kuwa mkopo chechefu (usiolipwa ipasavyo) kwa taratibu za Benki Kuu. Hapo benki inalazimika kutenga fedha za kufidia hasara inayoweza kutokea, na jalada lako linatoka tawini kwenda kitengo cha ukusanyaji madeni makao makuu. Baada ya hapo ni kampuni ya kukusanya madeni, au wakili moja kwa moja.

Hapa ndipo wengi wanapojikwaa. Wanaendelea kuzungumza na ofisa wa tawi wanayemfahamu, anawaambia "lipa kidogo kidogo tu mzee, hakuna shida," nao wanaamini wameshaelewana na benki. Ofisa huyo huenda hana tena mamlaka juu ya jalada hilo. Makubaliano yasiyo na barua kutoka kitengo kinacholishika deni hayatakulinda mbele ya hakimu.

Notisi ya wakili ni sawa na wito wa mahakama?

Hapana. Notisi ya madai ni barua ya wakili wa benki inayokupa siku kadhaa za kulipa, mara nyingi 7, 14 au 30. Haina namba ya kesi wala muhuri wa mahakama. Wito unavyo vyote viwili, pamoja na jina la mahakama, wadaawa (pande mbili za kesi) na tarehe ya kufika, na kwa kawaida huambatana na hati ya madai.

Notisi ijibiwe ndani ya siku zilizotajwa, kwa barua au baruapepe ambayo utabaki na nakala yake. Jibu zuri ni fupi: umepokea, unaomba mchanganuo wa deni, na kama una uwezo, pendekezo la malipo lenye kiasi na tarehe. Usiandike "nakiri kudaiwa 3,135,000" kama hujahakiki hesabu. Sentensi hiyo itasomwa mahakamani.

Kesi itafunguliwa wapi? Naweza kuitwa Dar es Salaam?

Kanuni ya jumla ni kwamba kesi hufunguliwa mahali mdaiwa anapoishi au kufanya kazi, au mahali ambapo chanzo cha madai, chote au sehemu yake, kilitokea. Mtu anayeishi Mwanga, mjini Kigoma, na aliyesaini mkataba wa kadi kwenye tawi la Kigoma atarajie Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi hapahapa. Wa Kasulu au Kibondo, mahakama ya wilaya yake. Soma mkataba wako pia, maana baadhi hutaja mahali pa kusuluhishia migogoro. Ukiitwa mahali pasipostahili, pingamizi hilo litolewe mwanzoni kabisa. Ukishaendelea na kesi bila kulalamika, umechelewa.

Nimepokea wito. Nifanye nini kwanza?

Andika tarehe uliyoupokea juu ya nakala yako. Katika Mahakama ya Wilaya na ya Hakimu Mkazi una siku 21 kuanzia siku hiyo kuwasilisha utetezi wa maandishi, na muda huo unahesabu hata Jumapili. Kumwona wakili siku ya ishirini ni kumpa kazi ya kuomba radhi badala ya kazi ya kukutetea. Kama siku hazitatosha, maombi ya kuongezewa muda yapelekwe kabla hazijaisha, yakiwa na sababu ya maana.

Usipowasilisha utetezi au usipofika, benki inaruhusiwa kuomba hukumu ya upande mmoja, inayotolewa bila wewe kusikilizwa. Kesi nyingi za madeni ya namna hii huishia hapo, na mara nyingine mdaiwa alikuwa na hoja nzuri kabisa. Hukumu hiyo inaweza kutenguliwa ukiomba mahakama ileile mapema, ndani ya muda uliowekwa na sheria, na kueleza kilichokuzuia: wito haukukufikia, ulikuwa umelazwa, na kadhalika, kwa vielelezo. "Nilikuwa na shughuli nyingi" haitoshi.

Kama shauri limefunguliwa Mahakama ya Mwanzo, utaratibu ni mwepesi zaidi: unafika tarehe uliyopangiwa na kujibu madai kwa mdomo. Mabenki kwa kawaida huenda ngazi ya juu yake.

Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama kisheria. Ukiletewa nyaraka za Kiingereza usizozielewa, sema hivyo mapema mbele ya hakimu. Usisaini kitu kwa kukisia.

Nikikataa kusaini wito, si ina maana sijaupokea?

Hapana. Msambaza nyaraka ataubandika mlangoni na kuapa kwamba ulikataa. Ukijificha, mahakama inaweza kuruhusu wito utangazwe gazetini. Siku zitaanza kuhesabiwa na wewe huna habari.

Utetezi gani huwa na nguvu?

Benki ndiyo yenye wajibu wa kuthibitisha. Inatakiwa kuonyesha mkataba uliosainiwa, masharti ya riba uliyoyakubali, na mtiririko wa miamala. Nakala za vitabu vya benki hupokelewa mahakamani kwa masharti ya Sheria ya Ushahidi: ithibitishwe kwamba kitabu ni cha kawaida cha benki, kumbukumbu ziliingizwa katika shughuli za kila siku, kitabu kiko mikononi mwa benki, na nakala imelinganishwa na kumbukumbu ya asili. Taarifa iliyochapishwa kwenye kompyuta nayo ina masharti yake chini ya Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015. Shahidi wa benki aliyeletwa na karatasi moja tu yenye jumla ya deni, bila mtiririko, anaweza kuyumbishwa sana.

Hoja nyingine zenye uzito: malipo uliyofanya hayakuingizwa (tunza stakabadhi na ujumbe wa simu, wino wa karatasi za ATM hufifia mapema, kwa hiyo zipige picha), riba ilipandishwa bila taarifa ambayo mkataba uliitaka, miamala ilifanyika baada ya wewe kuripoti kadi imeibwa, au muda wa kudai umepita.

Hoja zisizofika mbali ni "biashara imekuwa ngumu," "mzigo ulikwama bandarini Kibirizi," au "mshahara umechelewa." Ni kweli na hakimu anaweza kukuhurumia, lakini hazifuti deni. Mahali pake ni kwenye maombi ya kulipa kwa awamu. Na hoja ya kwamba benki "haikunibembeleza vya kutosha" iache nyumbani.

Deni la kadi linakufa baada ya miaka mingapi?

Madai yanayotokana na mkataba yana ukomo wa miaka 6 chini ya Sheria ya Ukomo wa Muda, kuanzia siku mkataba ulipovunjwa. Ila kuna mitego mitatu. Ukilipa sehemu ya deni kabla muda haujaisha, hata 10,000, saa inaanza upya. Ukikiri deni kwa maandishi yenye saini yako, vilevile. Na muda unaokaa nje ya Tanzania hauhesabiwi, jambo linalowahusu sana watu wa huku wanaofanya biashara Bujumbura, Uvira au Kalemie kwa miezi mfululizo. Mtu anaweza kudhani miaka sita imekwisha, kumbe kwa hesabu ya sheria imepita minne.

Benki ikishapata hukumu, ukomo huo hauna kazi tena. Hukumu inaweza kukaziwa, yaani kutekelezwa kwa amri ya mahakama, ndani ya miaka 12.

Ofisa aliniambia deni langu limefutwa. Basi nimesamehewa?

Karibu kila mara hapana. Benki hufuta deni kwenye vitabu vyake kwa sababu za kihesabu, lakini haki ya kudai inabaki palepale. Msamaha wa kweli huja kwa barua yenye namba ya akaunti yako, ikisema hudaiwi chochote.

Nitafungwa?

Kushindwa kulipa deni si jinai, na polisi si wakusanya madeni. Jinai inaingia kama uliombea kadi kwa hati ya mshahara ya kughushi au kitambulisho cha mtu mwingine.

Kuna hata hivyo kifungo cha madai, nacho huja baada ya hukumu. Benki ikiomba, kwanza unaitwa kueleza kwa nini usipelekwe gerezani. Anayeonyesha kwamba hana uwezo, kwa vielelezo vya kipato na mzigo wa familia, ana nafasi kubwa ya kubaki nje. Aliye hatarini ni yule mwenye uwezo anayekataa, anayeficha mali au anayejiandaa kutoroka. Aliyeomba ufungwe ndiye anayelipia chakula chako gerezani, sababu mojawapo ya mabenki kutolikimbilia jambo hili. Kifungo hakizidi miezi 6. Ukitoka deni bado liko, ila huwezi kukamatwa tena kwa hukumu ileile.

Kuvusha mali ng'ambo ya ziwa kesi inapoanza ni ushauri mbaya unaotolewa sana vijiweni. Benki ikipata fununu inaweza kuomba mali ikamatwe hata kabla ya hukumu.

Dalali anaweza kuchukua nini nyumbani kwangu?

Kwanza muulize hati. Dalali wa mahakama hafanyi kazi bila amri yenye namba ya kesi na muhuri. Kijana wa kampuni ya madeni anayekuja Gungu na pikipiki na kusema "naanza na televisheni" hana mamlaka hayo, na hulazimiki kumfungulia mlango.

Mwenye amri halali anaweza kukamata gari, pikipiki, bidhaa za dukani, kiwanja, na pesa zilizo kwenye akaunti ya benki. Sheria ya Mwenendo wa Madai inazuia kukamata nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko, zana za fundi, vifaa vya mkulima, na nyumba unayoishi na mwenzi wako na watoto wanaokutegemea. Cherehani ya fundi nguo iko salama. Cherehani sita zilizo dukani zikisubiri wateja ni bidhaa.

Ulinzi wa nyumba una mpaka: kama uliiweka rehani kwa benki hiyohiyo, kinga hiyo haikusaidii, na mnada wake hufuata Sheria ya Ardhi. Kadi nyingi hazina rehani, lakini wapo waliochukua mkopo wa biashara na kadi kwa pamoja na kusaini dhamana moja "kwa madeni yote." Itafute sentensi hiyo kwenye hati yako.

Mnada wa mali inayohamishika hutangazwa angalau siku 15 kabla, wa ardhi au nyumba siku 30. Ukilipa deni na gharama kabla nyundo haijagonga, mnada unasimama. Dai stakabadhi ya mahakama, usitosheke na neno la dalali.

Gari waliloshika ni la mke wangu. Je, naye anadaiwa?

Mwenzi hadaiwi kwa kadi iliyo kwa jina lako pekee, labda awe alisaini kama mdhamini. Kadi ya ziada uliyompa kwenye akaunti yako, matumizi yake kwa kawaida yanabaki kuwa deni lako. Mali yake ikikamatwa, yeye mwenyewe apeleke pingamizi mahakamani akiwa na kadi ya gari, risiti au mkataba wa mauziano, na afanye hivyo kabla ya mnada.

Na mshahara?

Mahakama inaweza kuagiza mwajiri akate, ila sehemu ya mshahara inalindwa na sheria. Kwa mtumishi wa umma kuna pia kanuni ya kubakiwa na angalau theluthi moja ya mshahara. Angalia kwanza kama mkataba wa kadi uliipa benki ruhusa ya kukata kwenye akaunti yako ya mshahara. Wengi walisaini ruhusa hiyo bila kuisoma, na kwao benki haihitaji kesi kabisa.

Naweza kupunguziwa?

Ndiyo, na nafasi yako ni nzuri zaidi kabla ya hukumu. Kinachopunguzwa kwa kawaida ni faini na riba, mtaji (pesa uliyotumia yenyewe) mara chache. Benki hupenda malipo ya mara moja: mtu aliyeuza shehena ya mawese na ana 1,800,000 mkononi anasikilizwa kuliko anayeahidi 3,000,000 kwa miaka mitatu. Usitaje kiasi ambacho huwezi kukitoa. Ahadi ikivunjika mara moja, ya pili haipati msikilizaji.

Barua ya makubaliano itaje namba ya akaunti, kiasi, tarehe, kusimama kwa riba, na kwamba ukimaliza hudaiwi tena. Pesa iingie kwenye akaunti ya benki, kamwe isiingie kwenye namba ya simu ya mkusanya madeni. Kama kesi imeshafunguliwa, makubaliano yasajiliwe mahakamani yawe hukumu ya maridhiano, vinginevyo mnaweza kuelewana huku kesi ikiendelea upande mmoja. Soma adhabu ya kukosa awamu moja: mara nyingi deni lote la zamani linarudi.

Mahakama pia inaweza kuamuru ulipe kwa awamu. Liombe hilo kabla hukumu haijatoka, kwa sababu baada ya hapo ridhaa ya benki inahitajika.

Riba inaendelea baada ya hukumu?

Inaendelea, lakini si ile ya kadi. Riba ya kawaida ya hukumu ni 7% kwa mwaka, na haizidi 12% pale wadaawa walipokubaliana kwa maandishi. Kwa hukumu ya 3,000,000, hiyo 7% ni 210,000 kwa mwaka mzima, wakati 3% ya kadi ilikuwa 90,000 kwa mwezi mmoja. Ukiona benki inaendelea kukutoza kiwango cha kadi juu ya hukumu, peleka suala hilo mahakama inayokaza hukumu.

Nisiporidhika na hukumu?

Rufaa kutoka Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi huenda Mahakama Kuu ndani ya siku 90. Siku hizi kuna masijala (ofisi) ya Mahakama Kuu Kigoma, si lazima kusafiri Tabora kama zamani. Kutoka Mahakama ya Mwanzo ni siku 30, kwenda ya Wilaya. Rufaa peke yake haizuii dalali. Ombi la kusimamisha ukazaji wa hukumu linapelekwa kivyake.

Nitaweza kukopa tena?

Taarifa zako huenda kwenye ofisi za taarifa za mikopo zilizopewa leseni na Benki Kuu, kama vile Creditinfo na Dun & Bradstreet, na benki nyingine huzisoma kabla ya kukukopesha. Ukimaliza deni, omba barua ya kumaliza, kisha baada ya wiki kadhaa uombe ripoti yako uone kama imerekebishwa. Kama bado inaonyesha deni, lalamika kwa benki iliyopeleka taarifa, kwa maandishi.

Wanampigia mama mkwe na bosi wangu. Ni halali?

Benki ina wajibu wa kutunza siri za mteja, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inaongeza nguvu. Kumtafuta mdhamini uliyemtaja ni sawa. Kumtangazia mama mkwe kiasi unachodaiwa si sawa. Andika tarehe, saa, namba na kilichosemwa, tunza ujumbe, kisha lalamika kwa benki yenyewe. Isipokujibu au usiporidhika, peleka dawati la malalamiko la Benki Kuu. Benki Kuu haina tawi Kigoma, kwa hiyo tumia njia ya mtandao au posta na uambatishe nakala ya lalamiko la kwanza. Kulalamika hakusimamishi siku 21 za utetezi.

Mwenye kadi amefariki. Watoto watalipa?

Deni hulipwa kutoka kwenye mirathi, kupitia msimamizi, kabla ya kugawana. Mirathi ikiwa haitoshi, mtoto hadaiwi mfukoni mwake. Uliza mapema kama kadi ilikuwa na bima ya maisha ya mkopo, na peleka cheti cha kifo ili riba isiendelee kupanda bila sababu.

Sina pesa ya wakili.

Unaweza kujitetea mwenyewe. Wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 wapo wilayani na watakusaidia kuelewa nyaraka bila malipo, ila hawaruhusiwi kukusimamia mahakamani. Waulize maofisa wa maendeleo ya jamii wa halmashauri wakuelekeze. Nenda ukiwa na wito, hati ya madai, mkataba wa kadi, taarifa zote za akaunti na stakabadhi zilizopangwa kwa tarehe. Kama mkataba huna, iandikie benki leo kuomba nakala na ubaki na barua yenye muhuri wa kupokelewa.